Mvuto wa picha za kinyaa

Mvuto wa picha za kinyaa ni hali ya kisaikolojia inayomfanya mtu atazame kwa hiari picha au video za maiti, damu, vidonda au uchafu, ingawa zinamchefua. Si jambo jipya: Plato, katika kitabu cha Jamhuri, anamtaja Leontio aliyeshindana na macho yake karibu na maiti za waliouawa na mnyongaji, yakamshinda.

Kinyaa chenyewe ni kinga. Mtafiti Valerie Curtis alieleza kuwa tunachukizwa hasa na vitu vinavyoweza kubeba magonjwa, kama kinyesi, usaha na nyama iliyooza. Kwa kuwa ni dalili za hatari, ni vigumu kuvipuuza. Kwenye simu hakuna harufu wala maambukizi. Mwili unashtuka huku akili ikijua kuwa uko salama. Paul Rozin wa Marekani alilinganisha starehe ya namna hii na kula pilipili: mdomo unawaka, na mlaji anaongeza nyingine.

Kutojua nako kunavuta. Mwaka 2016 Christopher Hsee na Bowen Ruan walichapisha majaribio ambamo watu walibonyeza zaidi kalamu wasizojua kama zina shoti ya umeme kuliko zile walizokuwa na hakika nazo. Ndiyo maana onyo la “kama una roho nyepesi usifungue” mara nyingi huwa mwaliko.

Tarehe 10 Agosti 2019 lori la mafuta lilipinduka na kulipuka Msamvu, Morogoro. Waliofariki walizidi 100. Video za walioungua zilisambaa kwa WhatsApp, hata mtu aliyeko mbali, tuseme Kitanga wilayani Kasulu, aliweza kuiona miili hiyo kabla ya kuliona gazeti. Hapo mfano wa Rozin unapungua, kwa maana pilipili haina ndugu. Mzazi angeweza kuitambua sura ya mwanawe kwenye simu kabla ya kupewa taarifa. Kanuni za Maudhui Mtandaoni za Tanzania za mwaka 2018 zilikuwa tayari zimekataza kuonyesha majeraha na damu kupita kiasi.

Kutazama mara kwa mara kunaweza kupunguza mshtuko. Utafiti wa Rozin wa mwaka 2008 ulionyesha kuwa wanafunzi wa udaktari, baada ya miezi ya kupasua maiti, walipungukiwa na kinyaa kwa mambo ya kifo, ila si kwa vichukizo vingine.