Kumpeleka mama Bagamoyo sikukuu

Lugoba haina bahari, lakini Idi ikifika, watoto waliorudi kutoka Dar es Salaam huwapakia wazazi garini, hupanda mpaka Msata, hukata kulia, na baada ya kilomita 64 za lami wako Bagamoyo. Safari njema. Ila nyingi huanza saa mbaya.

Idi el-Fitri huja na mwezi mwandamo, na mwezi ukiandama bahari huwa ya bamvua. Katika pwani hii, maji ya bamvua hupwa kabisa majira ya saa nne hadi saa tano asubuhi. Mkifika saa hizo mtaikuta bahari imekwenda mbali, na mama wa miaka 75 itabidi avuke mchanga na tope juani ili akanyage maji. Alasiri, kuanzia saa kumi, maji yamejaa na jua limelegea. Ondokeni baada ya adhuhuri. (Idi ya Kuchinja, siku ya kumi ya mwezi mwandamo, huangukia karibu na maji mafu; hapo bahari haiendi mbali hivyo.)

Jambo zito zaidi ni maji ya kunywa. Uzeeni kiu huchelewa kuhisiwa, na figo hazibani maji kama zamani. Wengi pia wanameza vidonge vya presha vinavyokojosha. Zaidi ya hayo, wazee wengi hukataa maji kwa makusudi: mama anaona haya kumwambia mwanawe wa kiume asimamishe gari akajisaidie. Kwa hiyo binti au mjukuu wa kike akae naye, na gari lisimame kabla hajaomba. Kumwambia aache kidonge siku hiyo ili msisumbuke njiani ni ushauri mbovu. Ulizeni mapema kituo cha afya kama saa ya kukimeza inaweza kusogezwa.

Mwenye sukari asitembee peku ufukweni, kwani mishipa ya fahamu ya miguu ikishaharibika, hahisi gome la chaza linapomkata. Yeboyebo za kufunika vidole zinatosha.

Mzee akianza kuchanganya maneno ghafla, au kusinzia kusiko kwa kawaida, msiseme ni uchovu wa safari. Mpelekeni hospitali saa hiyo hiyo.

Na madafu? Yana potasiamu nyingi. Mwenye ugonjwa wa figo asiyanywe kabla ya kumuuliza daktari wake. Wengine wanywe, na maji ya kawaida yaendelee.