Je, Wajua? Buti la Mpanda Mlima na Maji ya Nyumba ya Mungu

Je, wajua kwamba Bwawa la Nyumba ya Mungu hujazwa na mito ya Kikuletwa na Ruvu, na kwamba sehemu kubwa ya maji hayo huanzia Kilimanjaro? Tangu mradi wa Same–Mwanga–Korogwe uzinduliwe Machi 2025, maji ya bwawa hilo hufika mabombani Same. Anachoharibu mgeni mlimani kinamhusu anayekinga ndoo huku chini.

Kwamba moto wa Kilimanjaro wa Oktoba 2020 ulianzia Whona, wanapopumzikia wapanda mlima wa njia ya Marangu? Shirika la Hifadhi za Taifa (TANAPA) lilieleza kuwa, kwa taarifa za awali, chanzo ni wapagazi waliokuwa wakiwapashia wageni chakula. Hawakukusudia. Eneo lililoungua lilipimwa: kilomita za mraba 95.5.

Kwamba miti ya juu kule hunasa ukungu na kuudondosha ardhini kama maji? Mwaka 2005 mtafiti Andreas Hemp alionyesha kuwa, kwa maji ya Kilimanjaro, misitu inayoteketea ni hasara kubwa kuliko barafu inayoyeyuka. Barafu ndiyo inayoliliwa na dunia nzima. Kwetu tunaokunywa maji ya mlima huo, kilio kingeanzia msituni.

Kwamba buti hubeba mbegu? Nyasi ya Ulaya, *Poa annua*, imeota kando ya njia za wapanda mlima. Kupima ilivyoenea ni kuhesabu mashina kuanzia ukingo wa njia kuelekea porini.

Kwamba kambi huumia zaidi mwanzoni? Tafiti za David Cole huko Marekani zilionyesha kuwa siku chache za kulala watu zinatosha kuua majani mengi. Wanaofuata huongeza madhara kidogo tu. Ndiyo maana ni heri wageni walale kambi iliyokwisha kuchakaa kuliko kutawanyika.

Na kwamba Shengena, kilele kirefu kuliko vyote vya Upare, kimo ndani ya msitu wa Chome, makazi ya ndege mdogo mwenye duara jeupe machoni asiyepatikana nje ya Upare Kusini? Wageni wa Shengena bado wachache. Huu ndio wakati wa kuipima njia yake, kabla hawajawa wengi. Vifaa ni vigingi viwili, kamba, futi kamba na daftari: kaza kamba kati ya vigingi kukatiza njia, pima kina kutoka kamba hadi ardhini kila sentimita 10, rudi palepale kila mwaka baada ya masika.