Asili na Maana ya Majina ya Watu (Sehemu ya Kwanza)

Majina mengi ya watu, kila yanapochunguzwa katika lugha yalikozaliwa, huonekana kuwa maneno ya kawaida au hata sentensi nzima. Wazazi walitazama saa ya kujifungua, hali ya mtoto, msiba au neema iliyoifikia nyumba, wakasema neno, na neno hilo likabaki kwa mtoto. Baadaye lugha zikabadilika, majina yakavuka mipaka, na maana ikawapotea hata wanaoitwa majina hayo kila siku. Sehemu hii inahusu majina anayopewa mtoto anapozaliwa. Majina ya ukoo yataelezwa katika sehemu ya pili.

Wakati wa kuzaliwa

Chanzo kilicho wazi kuliko vyote ni wakati. Katika pwani ya Afrika Mashariki, aliyezaliwa Ijumaa huitwa Juma au Mwanajuma, na wa Alhamisi huitwa Hamisi au Mwanahamisi. Miezi ya Kiislamu imeleta Rajabu, Shabani na Ramadhani, na sikukuu imeleta Idi na Mwanaidi. Mtoto wa msimu wa mvua kubwa huitwa Masika, na binti aliyezaliwa usiku huitwa Chausiku.

Wajaluo huangalia saa yenyewe. Omondi amezaliwa alfajiri, Onyango jua likipanda, Ochieng' jua likiwaka, Odhiambo jioni, na Otieno usiku. Okoth amezaliwa mvua ikinyesha. Majina ya wasichana huanza na A badala ya O: Amondi, Anyango, Achieng', Adhiambo, Atieno, Akoth. Kwa hiyo Chausiku wa Tanga na Atieno wa Kisumu wana jina moja lililotamkwa kwa lugha mbili.

Waakani wa Ghana wana jina kwa kila siku ya juma. Kwa wanaume, kuanzia Jumapili, ni Kwasi, Kwadwo, Kwabena, Kwaku, Yaw, Kofi na Kwame. Kwa wanawake ni Akosua, Adwoa, Abena, Akua, Yaa, Afua na Ama. Ndiyo sababu jina la Kwame Nkrumah, rais wa kwanza wa Ghana, linataja Jumamosi, na la Kofi Annan, aliyekuwa Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa kuanzia 1997 hadi 2006, linataja Ijumaa. Biashara ya utumwa iliyavusha majina haya hadi visiwa vya Karibi. Kiongozi wa watumwa waliotoroka na kuishi milimani Jamaika, ambaye Waingereza walilazimika kutiliana naye mkataba wa amani mwaka 1739, anajulikana kwa jina la Cudjoe. Hilo ni Kwadwo, mtoto wa Jumatatu. Watu hao walinyang'anywa nchi na uhuru, lakini majina ya siku zao waliyashika.

Nafasi ya mtoto katika uzao

Jamii nyingine huhesabu. Waswahili wana Mosi, Pili na Tatu. Wajapani wana Ichirō, Jirō na Saburō kwa mwana wa kwanza, wa pili na wa tatu. Warumi wa kale walikuwa na Quintus, wa tano, Sextus, wa sita, na Decimus, wa kumi. Katika kisiwa cha Bali, Indonesia, mtoto wa kwanza huitwa Wayan, wa pili Made, wa tatu Nyoman na wa nne Ketut, wawe wa kiume au wa kike. Akizaliwa wa tano, hesabu huanza upya kwa Wayan.

Mapacha wana majina yao pekee katika sehemu nyingi za Afrika. Wasukuma na Wanyamwezi huwaita Kulwa na Doto, majina ambayo leo yamezagaa Tanzania nzima. Waganda wana Wasswa na Kato kwa wavulana, Babirye na Nakato kwa wasichana. Wayoruba wa Nigeria huwaita Taiwo na Kehinde. Taiwo maana yake ni yule aliyetangulia kuonja dunia, na Kehinde ni aliyekuja nyuma. Hata hivyo, kwa Wayoruba mkubwa ni Kehinde, kwa kuwa inasemekana ndiye aliyemtuma mwenzake atoke kwanza aone kama dunia inakalika. Hata mtoto anayezaliwa baada ya mapacha hana budi kupewa jina la nafasi hiyo: Shija kwa Wasukuma, Kizza kwa Waganda, Idowu kwa Wayoruba, Okello kwa Wajaluo.

Hali ya nyumba

Majina kama Shida, Tabu, Mashaka na Sikujua hutunza kumbukumbu ya siku ngumu, na Bahati, Faraja, Neema na Zawadi hutunza ya siku njema. Wayoruba waliofiwa na watoto mfululizo walimpa aliyefuata jina la kumsihi abaki, kama Malomo, yaani usiende tena, au Durojaiye, yaani kaa uyafurahie maisha. Hapo jina halimwelezi mtoto. Ni maneno ambayo mzazi humwambia mwanawe kila anapomwita.

Majina yanayomtaja Mungu

Kundi kubwa mno la majina ni sentensi kuhusu Mungu. Kiebrania kinaongoza: Danieli ni "Mungu ni hakimu wangu", Ismaili ni "Mungu husikia", na Mikaeli ni swali, "Nani aliye kama Mungu?" Kirundi na Kinyarwanda huunda majina kwa njia hiyo hiyo. Hakizimana ni "Mungu ndiye aponyaye", Habyarimana ni "Mungu ndiye azaaye", na Ndayishimiye ni "namshukuru". Mwandishi Chinua Achebe alifupisha jina lake la Kiigbo, Chinualumogu, ambalo ni dua ya kuomba Mungu ampiganie.

Fikra moja inaweza kuzuka mahali pengi bila mmoja kumwiga mwingine. "Zawadi ya Mungu" ni Mathayo kwa asili ya Kiebrania, Theodoros kwa Kigiriki, Bogdan kwa lugha za Kislavoni, Khodadad kwa Kiajemi na Hibatullah kwa Kiarabu. Wazulu husema kwa kifupi, Sipho, na Waganda husema Kirabo: zawadi.

Kiarabu kina utaratibu wake. Majina mengi hutokana na mizizi ya konsonanti tatu. Mzizi wa h-m-d, wenye maana ya sifa, umezaa Muhammad, Ahmad, Mahmud na Hamid. Mzizi wa s-l-m, wenye maana ya usalama, umezaa Salim, Salama na Salma. Mzizi unaohusu heri na bahati njema umezaa Said, Saada na Masoud. Neno *abd*, yaani mja, huungana na jina la Mwenyezi Mungu, kama katika Abdallah na Abdulrahman. Kwa hiyo "Abdul" pekee ni jina lililokatwa katikati, kwa kuwa halijasema ni mja wa nani.

Jina linaposafiri

Jina likihama, matamshi hufuata ulimi wa wenyeji. Mfano mzuri ni jina la Kiebrania Yohanan, "Mungu amefanya neema". Wagiriki walilifanya Ioannes na Walatini Iohannes. Kutoka hapo likawa Juan kwa Wahispania, Jean kwa Wafaransa, Giovanni kwa Waitalia, Ivan kwa Warusi, John kwa Waingereza, na Hans likiwa kifupi chake kwa Wajerumani. Wahabeshi husema Yohannes, na Waswahili Yohana. Nabii Yohana, mwana wa Zakaria, katika Kurani anaitwa Yahya. Ivan na Yahya wanaweza kuketi meza moja wasijue kwamba wana jina moja.

Kiswahili nacho kimeyalainisha majina ya Kiarabu kwa kuyapa irabu mwishoni au kuondoa sauti ngumu. Fatima akawa Fatuma, Aisha akawa Asha, Zainab akawa Zainabu, na Khadija akawa Hadija.

Urithi wa majina

Njia nyingine ni kurithi. Kwa Wakikuyu, mwana wa kwanza huitwa jina la babu mzaa baba, wa pili la babu mzaa mama. Binti wa kwanza huitwa la bibi mzaa baba, wa pili la bibi mzaa mama. Hapo maana ya neno hurudi nyuma, na kinachotangulia ni mtu anayerudishwa nyumbani kwa jina lake.

Vyanzo hivi huweza kukutana kwa mtu mmoja, kama ilivyo kwa Julius Kambarage Nyerere, rais wa kwanza wa Tanzania. Nyerere lilikuwa jina la baba yake, na kwa Kizanaki ni kiwavi, kwa sababu baba huyo alizaliwa yapata mwaka 1860 wakati viwavi walipoivamia nchi. Mwana alipozaliwa mwaka 1922 aliitwa kwanza Mugendi, yaani mtembeaji, lakini kwa ushauri wa mganga akabadilishwa kuwa Kambarage, jina la mzimu wa mvua. Julius ni la ubatizo, alilopewa mwaka 1943, na asili yake ni ukoo wa Kirumi wa Julius Kaisari. Majina matatu yamebeba janga la wadudu, imani ya mvua na historia ya Roma.

Anayetaka kujua maana ya jina hana budi kuuliza mambo matatu: limetoka katika lugha gani, limepitia lugha zipi, na nyumba iliyolitoa ilikuwa katika hali gani siku ile. Mawili ya kwanza hupatikana vitabuni. La tatu linajulikana na wazee wa familia peke yao, na wasipoulizwa wakiwa hai, hakuna kamusi itakayolijibu.