Mkono wa Gado: Kutoka Ukurasa wa Gazeti hadi Vikaragosi vya Runinga

Reli ya kati ina zaidi ya kilomita 1,200 kutoka Dar es Salaam hadi Kigoma, na kwa miaka mingi magazeti yaliyokuja upande huu wa nchi yalifika na habari za jana, pengine za juzi. Msomaji wa Katubuka au Ujiji, hapa Kigoma, alipolishika gazeti alikuwa ameshasikia redioni nani kateuliwa na nani kaondolewa. Kilichobaki kipya kwake ni katuni. Redio inaweza kusoma kichwa cha habari na hotuba nzima ya waziri, lakini katuni lazima uione mwenyewe.

Katika Afrika Mashariki hakuna mkono uliozitumia katuni kwa mapana kama wa Godfrey Mwampembwa, Mtanzania anayejulikana kwa jina la Gado. Ameshachora kwenye magazeti, ametunga kitabu cha hekaya kwa michoro, amesomea filamu, na ameanzisha kipindi cha runinga ambamo marais ni vikaragosi vya mpira. Ukiitazama orodha hiyo kwa haraka utadhani ni mtu asiyetulia na kazi moja. Ukiifuata mwaka hadi mwaka, unaona kazi ni ileile: kuutazama uso wa mwenye madaraka na kuwaonyesha watu kilichojificha nyuma yake. Kilichobadilika ni chombo, na mara nyingi kulikuwa na sababu ya kubadilika.

Gado alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1969, katika nchi ambayo tayari ilikuwa imeonja katuni. Miaka miwili kabla, mwaka 1967, Christian Gregory alikuwa ameanza kumchora Chakubanga katika gazeti la Uhuru. Baadaye likaja jarida la Sani, lililoanzishwa na Saidi Bawji na Nico ye Mbajo, na wahusika wake, akina Ndumilakuwili, Lodi Lofa, Kipepe na Madenge, wakawa watu wa mitaani kabisa. Watoto walivinakili vituko vyao madaftarini, na nakala moja ilizunguka mikononi mwa watu wengi hadi ikachanika. Philip Ndunguru, mmoja wa wachoraji waliolipa Sani sura yake, alifariki mwaka 1986 akiwa kijana, lakini kizazi kilichomfuata kilikuwa kimeshajifunza kwamba Mswahili wa kawaida, na shida zake za nauli, ugali na mapenzi, anatosha kuwa mhusika mkuu.

Katika mazingira hayo Gado alianza kupeleka michoro magazetini akiwa bado mwanafunzi. Kisha akaingia Chuo cha Ardhi, leo Chuo Kikuu Ardhi, kusomea usanifu majengo. Hakumaliza. Mwaka 1992 alivuka mpaka kwenda Nairobi kuchorea magazeti ya kampuni ya Nation.

Alifika wakati unaofaa. Desemba 1991 Kenya ilikuwa imefuta kifungu cha katiba kilichoruhusu chama kimoja tu, na mwisho wa 1992 ukafanyika uchaguzi wa vyama vingi. Kwa miaka mingi kabla ya hapo hakuna mchoraji aliyethubutu kuuchora uso wa Rais Daniel arap Moi kwa kejeli. Sasa mlango ulifunguka kidogo, na wachoraji wakauingiza mguu. Gado, pamoja na wenzake kama Paul Kelemba, maarufu kwa jina la Maddo, waliwazoesha Wakenya jambo lililokuwa halifikiriki: kufungua gazeti la asubuhi na kumkuta rais akichekwa.

Namna anavyofanya kazi inastahili kuelezwa, kwa maana wengi hudhani katuni ni kukuza pua na masikio. Mchoraji wa siasa hutafuta alama moja itakayomwambata kiongozi, kisha huirudia hadi msomaji aitambue bila kusoma jina. Uhuru Kenyatta na William Ruto walipokabiliwa na kesi katika Mahakama ya Kimataifa ya Makosa ya Jinai, Gado aliwachora wakiburuta mnyororo wenye tufe la chuma, kama wafungwa wa zamani. Waliingia Ikulu mwaka 2013, na mnyororo ukaingia nao. Walipohutubia ulikuwepo, walipopokea wageni ulikuwepo. Mhariri angehitaji aya nzima kukumbusha kesi ile kila siku. Mnyororo uliikumbusha kwa mistari michache ya wino.

Pembeni ya siasa, mwaka 1996 alitoa Abunuwasi, kitabu cha michoro kilichochapishwa na Sasa Sema. Hakuhitaji kwenda mbali kutafuta mada. Abunuwasi wa masimulizi ya Waswahili ni mnyonge anayemshinda mkubwa kwa akili, na anayesema mbele ya sultani yale ambayo wengine wanayanong'ona. Mchoraji wa siasa anamjua mtu huyo vizuri.

Kisha alikwenda Vancouver, Canada, kusomea filamu na katuni zinazotembea. Ulaya nako, wachoraji wengine walikuwa wameshaonyesha njia ya kutoka ukurasani hadi runingani. Nchini Uingereza, Peter Fluck na Roger Law, wote wachoraji wa vikatuni vya siasa, walianza kuzifinyanga sura badala ya kuzichora, na kuanzia 1984 hadi 1996 kipindi chao cha Spitting Image kiliwatia viongozi wa nchi yao katika vikaragosi vya mpira. Wafaransa walifuata mwaka 1988 na Les Guignols de l'Info. Gado alikwenda Paris kuona Wafaransa wanavyofanya, akarudi Nairobi na wazo lililochukua miaka kupata fedha na kituo cha kulirusha.

Mei 2009, The XYZ Show ikaonekana Citizen TV. Kenya ilikuwa imetoka kwenye machafuko ya baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, yaliyoua zaidi ya watu 1,000, na Mwai Kibaki na Raila Odinga walikuwa wanagawana madaraka katika kile Wakenya walichokiita serikali ya nusu mkate. Watu waliokuwa wamechoshwa na hotuba wakawaona viongozi haohao wakiwa wanasesere wanaogombana, wanaosinzia na kusingiziana. Kikaragosi kimoja kilihitaji subira kubwa: sura inafinyangwa kwa udongo, inatolewa kalibu, inamiminiwa mpira, inapakwa rangi, inatiwa macho na nywele. Baada ya hapo anahitajika wa kukichezesha na wa kukipa sauti. Mchoraji aliyezoea kukaa peke yake na kalamu akajikuta kiongozi wa karakana, na wa waigizaji pia.

Waigizaji hawa walikuta shamba limelimwa. Mwishoni mwa miaka ya 1990, vijana watatu wa Chuo Kikuu cha Kenyatta, Walter Mong'are, Tony Njuguna na John Kiarie, waliunda kundi la Redykyulass na kumwigiza Moi kwa sauti na mwendo akiwa bado madarakani. Kiarie baadaye aliingia siasa mwenyewe, akachaguliwa mbunge wa Dagoretti Kusini mwaka 2017. Kuruka huku kutoka kalamu hadi jukwaa, na kutoka jukwaa hadi sanduku la kura, si jambo la Afrika Mashariki pekee. Mwingereza William Rushton, mmoja wa waanzilishi wa jarida la Private Eye mwaka 1961, alikuwa mchoraji wa katuni aliyemwigiza Waziri Mkuu Harold Macmillan kwenye runinga. Mwaka 1963 aligombea ubunge dhidi ya Alec Douglas-Home, Waziri Mkuu mpya, akapata kura 45. Hadi alipofariki mwaka 1996 alikuwa bado anachekesha kwenye redio ya BBC.

Rushton hakupoteza kazi kwa sababu ya kumchora Waziri Mkuu. Kwa Gado mambo yalikwenda vingine. Katuni yake katika gazeti la The East African ilimwonyesha Rais Jakaya Kikwete kama mtawala aliyejinyoosha raha mustarehe, akihudumiwa na wanawake waliopewa majina ya maovu kama ufisadi. Januari 2015 serikali ya Tanzania ilizuia gazeti hilo kusambazwa nchini, kwa maelezo kwamba halikuwa limesajiliwa, ingawa lilikuwa limesomwa hapa kwa miaka. Gado akaenda likizo ndefu, na mwaka 2016 mkataba wake na Nation, uliodumu tangu 1992, haukuhuishwa. Mei ya mwaka huohuo alikuwa Geneva akipokea tuzo ya kimataifa ya wachoraji katuni pamoja na Zunar wa Malaysia, mchoraji mwingine aliyeandamwa kwa michoro yake.

Nyumbani Tanzania nako wapo waliotawanya kipaji chao. Masoud Kipanya ameifanya katuni ya kipanya mdogo ijulikane nchi nzima, akatangaza kipindi cha asubuhi Clouds FM, akaanzisha shindano la runinga la Maisha Plus, na Machi 2022 akazindua gari la umeme alilolitengeneza mwenyewe. Nathan Mpangala amepeleka penseli na rangi kwa watoto wanaotibiwa saratani Muhimbili. Na hapa pia kicheko kina gharama: Idris Sultan, mchekeshaji na mwigizaji, alihojiwa na polisi mwaka 2019 kwa kubadilishana sura na Rais John Magufuli kwenye picha, na Mei 2020 akakamatwa tena baada ya kusambaza video akiicheka picha ya zamani ya rais huyo.

Leo kijana wa Katubuka haisubiri treni imletee katuni. Inamfikia kwenye simu ndani ya dakika moja, na yeye mwenyewe anaweza kuchora na kurusha. Lakini mchoraji wa simu anakwenda vitani bila ngao. Kibet Bull, Mkenya aliyevuma kwa michoro ya vivuli vya Rais Ruto aliyoirusha mtandaoni, alitekwa Desemba 2024, na ndugu yake pia, wakaachiwa Januari 2025. Gado, hata alipokosana na wakubwa, alikuwa na miaka zaidi ya 20 ya mshahara nyuma yake, mhariri wa kubishana naye, kampuni yenye mawakili, na jina lililofika Geneva. Magazeti yanayofaidika na vicheko vya vijana yanaweza kuanza kwa kuwalipa, na mabaraza ya habari yanaweza kuwatambua kuwa wanahabari, ili siku polisi wakigonga mlango wawe na wakili wa kumpigia simu.