Mila Zilipoandikwa: Kutoka Kent hadi Kilosa
Mfalme Æthelberht wa Kent, aliyebatizwa baada ya Mtakatifu Augustino wa Canterbury kuwasili mwaka 597, aliandikisha sheria za kwanza za Waingereza. Nyingi zilipanga fidia: ya jicho, ya jino, naam, hata ya ukucha, aliyeiba mali ya Mungu alirudisha mara kumi na mbili.

Nchini mwetu mila za urithi ziliandikwa mwaka 1963, kwa kufuata ukoo wa baba. Wakaguru na Wasagara wa Kilosa huhesabu ukoo kwa mama. Leo kifungu cha 20 cha Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 hubatilisha mila inayomnyima mwanamke ardhi. Mjane wa kijiji jirani na Mikumi anayefukuzwa shambani aliwasilishe shauri lake kwanza kwenye baraza la ardhi la kijiji. Kati ya wajumbe wake saba, wanawake hawapungui watatu.