Je, Wajua? Mfungwa Mwenye Ufunguo Mfukoni

Je, wajua kuna mfungwa ambaye ufunguo wa jela anao yeye mwenyewe mfukoni? Ndivyo majaji wa Marekani wanavyomwelezea mtu aliyefungwa kwa kukaidi amri ya mahakama katika kesi ya madai. Siku akitii, siku hiyohiyo anatoka!

Wengine hawatii ng'o. Wakili mmoja wa Pennsylvania aliamriwa, katika kesi ya talaka, alete dola milioni 2.5. Akasema hana. Akaingia jela 1995, akatoka 2009: miaka 14, na hakushtakiwa kosa lolote la jinai!

Na Tommy Thompson je? Ndiye aliyeongoza msako wa SS Central America, meli iliyozama na shehena ya dhahabu mwaka 1857. Mahakama ikamtaka aseme ziko wapi sarafu 500 za dhahabu. Kimya! Akafungwa Desemba 2015, na faini ya dola 1,000 kila siku juu yake. Hadi jaji anakiondoa kifungo hicho mwaka 2025, sarafu hazijaonekana.

Unapenda hesabu? Shika kalamu. Mwaka 1988 mji wa Yonkers, New York, uligoma kutekeleza amri ya kujenga nyumba za watu wa kipato cha chini kwenye mitaa ya Wazungu. Jaji Leonard Sand akatoza dola 100 siku ya kwanza, kisha faini izidi maradufu kila kukicha: 200, 400, 800. Unaiona ndogo? Siku ya 15 peke yake ni dola 1,638,400! Siku ya 22 jumla ingepita dola milioni 419. Mahakama ya rufaa ikaweka kikomo cha dola milioni 1 kwa siku, na bado mji haukuweza kustahimili. Septemba haijafika katikati, madiwani wakakubali. Faini tamu kuliko zote nizijuazo!

Wakubwa je, wanapona? Wapi! Rais wa Marekani Bill Clinton alilipishwa zaidi ya dola 90,000 kwa kudharau mahakama mwaka 1999, akiwa bado Ikulu. Jacob Zuma, rais wa zamani wa Afrika Kusini, alipewa miezi 15 jela mwaka 2021.

Hili nalo lisikupite. Mwalimu mmoja kutoka Zaire aliomba hifadhi Uingereza. Mwaka 1991 jaji akataka asiondolewe, lakini akapandishwa ndege hadi Kinshasa. Jaji akaamuru arudishwe, waziri Kenneth Baker akazuia. Mwaka huohuo Baker akawa waziri wa kwanza Uingereza kupatikana na hatia ya kudharau mahakama. Na yote kwa ajili ya mwalimu mmoja tu, mgeni!

Nairobi, Septemba 2024: Kaimu Inspekta Jenerali wa Polisi Gilbert Masengeli aliitwa kortini mara saba kueleza walipo watu watatu waliotoweka Kitengela. Hakutokea. Akahukumiwa miezi sita, akaja mbio kuomba radhi, na hukumu ikafutwa.

Tuwaache waliokaidi amri, twende kwa wadaiwa. Sasa kisia, jirani: mdaiwa akifungwa kwa deni Tanzania au Kenya, nani anamlisha? Anayemdai! Hutanguliza posho ya chakula mahakamani, na akiacha kulipa, mfungwa huachiwa aende zake.