NYUMBA MOJA KWA BEI YA TATU

Wanachama wenzangu wamewaandalia mashairi, vitendawili na hadithi. Mimi mada yangu ni hesabu. Tafadhali usilifunge jarida hili! Hesabu yenyewe si ya mtihani. Ni hesabu iliyofanywa jikoni kwetu, karibu na moto, na almanusura shamba letu la kahawa liingie ndani yake.

Ilikuwa likizo ya Desemba. Baba alirudi kutoka Nyeri mjini akiwa na bahasha kubwa ya kaki na uso uliokunjuka kwa furaha. Alituita sote. Mama alikuwa ametoka tu kukamua, naye Guka, yaani babu yangu, alikuwa ameketi kigodani akiota moto. Baba akatangaza kwamba benki fulani imekubali kumkopesha shilingi 3,000,000 ajenge nyumba ya mawe. Angelipa kwa miaka 20, riba ikiwa asilimia 14 kwa mwaka. Rehani ingekuwa taito ya shamba, ambayo Guka alikuwa ameshamwandikisha Baba.

"Kila mwezi ni 37,306," Baba alisema. "Hiyo mshahara utabeba bila taabu."

Mama hakujibu haraka. Alipangusa mikono, akauliza, "Nimesikia ya mwezi, mzee. Sasa hiyo miaka ishirini ikiisha, tutakuwa tumelipa pesa ngapi?"

Kimya! Baba alipekua zile karatasi, ukurasa baada ya ukurasa. Malipo ya mwezi yalikuwemo, sahihi zilikuwa na nafasi zake, lakini jumla haikuwepo. Ofisa aliyemhudumia hakuitaja, na Baba hakuiuliza.

Guka akakohoa. "Mimi sijui mambo ya benki," akasema. "Lakini mtu hanunui ng'ombe kwa kuuliza bei ya mguu mmoja."

Sote tulicheka, kisha nikaona macho yote yamenigeukia. Nilikuwa nimesoma riba mchanganyiko katika Kidato cha Tatu. "Haya, leta hiyo kalkuleta yako," Baba akaniambia, "tuone kama karo yangu inafanya kazi."

Basi wasomaji wapenzi, sikilizeni tulivyopata.

Zidisha 37,306 kwa miezi 240. Jibu ni shilingi 8,953,440. Nilirudia mara tatu nikidhani kidole kimeteleza. Hakikuwa kimeteleza. Mkopo wa milioni 3 ungelipwa kwa karibu milioni 9, na karibu milioni 6 kati ya hizo ni riba tupu. Tungejenga nyumba moja kwa bei ya nyumba tatu.

Huenda ukauliza, inakuwaje asilimia 14 izae maradufu hivyo? Siri iko katika mwezi wa kwanza. Asilimia 14 ya 3,000,000 ni 420,000 kwa mwaka. Gawanya kwa miezi 12, unapata 35,000. Hiyo ndiyo riba ya mwezi wa kwanza. Ukipeleka 37,306 benki, 35,000 inaliwa na riba, na 2,306 pekee ndiyo inayopunguza deni lenyewe. Mwezi wa pili deni ni 2,997,694, riba yake ni 34,973, na sehemu inayopunguza deni imeongezeka kwa shilingi 27 tu. Deni linateremka kwa mwendo wa kinyonga.

Tukaendelea na hesabu hadi mwaka wa tano. Kufikia hapo Baba angekuwa ametoa 2,238,360. Mtu yeyote angedhani amebakisha kidogo. La hasha! Angekuwa bado anadaiwa takribani 2,801,000. Yaani ametoa zaidi ya milioni 2 na deni limepungua kwa kama laki mbili. Nusu ya deni ingemalizika katika mwaka wa 16, wakati mimi ni mtu mzima mwenye watoto wangu, Mungu akipenda. Baada ya hapo ndipo kasi hubadilika, maana deni likiwa dogo riba nayo huwa ndogo, na sehemu kubwa ya malipo hulipunguza deni lenyewe.

Hapa naomba tusikosane na mabenki. Huo si wizi. Mwenye pesa anadai kodi ya pesa yake kwa muda wote unaokaa nayo, kama vile mwenye nyumba anavyodai kodi ya chumba. Kosa ni la mkopaji anayetazama malipo ya mwezi na kusahau idadi ya miezi. Wahenga walisema mali bila daftari huisha bila habari.

Idadi hiyo ya miezi ndiyo funzo la pili. Watu wengi huomba muda mrefu ili walipe kidogo kidogo. Tulijaribu mkopo uleule, riba ileile, kwa miaka 15 badala ya 20. Malipo ya mwezi yalipanda hadi 39,952. Tofauti ni 2,646 tu! Lakini jumla ilishuka hadi takribani 7,191,000. Kumbe kwa kuongeza shilingi 2,646 kila mwezi, mtu anaokoa zaidi ya shilingi 1,760,000 na miaka mitano ya jasho. Kwa miaka 10 malipo ni 46,580 na jumla ni takribani 5,590,000. Kwa hivyo muda mrefu ni nafuu ya mfuko wa leo na mzigo wa mfuko wa kesho.

Funzo la tatu lilitutia baridi zaidi. Mikopo mingi ya nyumba nchini ina riba inayobadilika. Benki Kuu ya Kenya ikipandisha kiwango chake cha msingi, mabenki nayo hufuata. Kati ya Aprili 2020 na Mei 2022 kiwango hicho kilikuwa asilimia 7. Juni 2023 kilifika 10.5, Desemba 2023 kikawa 12.5, na Februari 2024 kikafika 13 kabla ya kuanza kushuka tena Agosti mwaka huohuo. Wazee wanakumbuka makubwa zaidi: mwaka 1993 riba ya hati za serikali za siku 91 ilipita asilimia 70! Sheria ya kudhibiti riba ilipitishwa mwaka 2016 ikaondolewa Novemba 2019, kwa hiyo kizuizi hicho hakipo tena.

Sasa tuseme riba ya mkopo wa Baba ingetoka 14 ikafika 16 baada ya miaka mitano. Asilimia 16 ya lile deni la 2,801,000 ni takribani 37,350 kwa mwezi. Malipo yake ni 37,306. Je, umeona? Pesa yote ingemezwa na riba na bado isitoshe. Benki ingelazimika kuongeza malipo, la sivyo deni lingeanza kukua badala ya kupungua. Mtu analipa kwa uaminifu kila mwezi huku deni linanenepa!

Funzo la nne ni gharama ndogo ndogo. Chovya chovya humaliza buyu la asali. Kuna ada ya benki ya kushughulikia mkopo, mkadiriaji wa thamani, wakili na bima. Anayenunua ardhi au nyumba hulipa pia ushuru wa stempu, asilimia 4 ya thamani mijini na asilimia 2 mashambani. Kisha nyumba yenyewe haikai bure. Mabati hushika kutu na rangi hubambuka, na hakuna mwenye nyumba wa kupigiwa simu. Mwenye nyumba ni wewe.

Na malipo yakikwama? Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 haimruhusu mkopeshaji aje na dalali kesho yake. Sharti atoe kwanza notisi ya miezi mitatu, kisha nyingine ya siku 40 kabla ya kuuza. Sheria hiyohiyo inasema makao ya ndoa hayawezi kuwekwa rehani bila idhini ya mume na mke. Ndiyo maana mojawapo ya zile nafasi za sahihi ilikuwa ya Mama. Hapo nilielewa kwa nini alipangusa mikono kabla ya kusema.

Shule zilipofunguliwa nilimwonyesha mwalimu wetu wa Hisabati hesabu yangu nikitarajia sifa tele. Alinisifu, kisha akanipiga breki. "Umeona upande mmoja wa shilingi," akaniambia. "Anayelipa kodi ya 20,000 kwa mwezi atatoa 4,800,000 kwa miaka 20, hata kama kodi haitapanda, na hatabaki hata na mlango. Isitoshe, shilingi ya mwaka wa ishirini si shilingi ya leo. Bei zikipanda na mshahara ukapanda, 37,306 ya wakati huo itakuwa nyepesi kuliko ya sasa." Alinieleza pia kwamba mtu anayelipia nyumba anayoishi hupunguziwa kodi ya mapato: tangu mwisho wa Desemba 2024, riba ya hadi shilingi 360,000 kwa mwaka huondolewa katika mapato kabla ya kodi kukatwa.

Hayo ni kweli, nami nayaandika ili msije mkasema nimewatisha. Mkopo wa nyumba si adui. Hata hapa karibu na Mlima Kenya tuna historia nao: Equity, benki inayojulikana leo kote Afrika Mashariki, ilianza mwaka 1984 kule Kangema, Murang'a, ikiwa chama cha kukopesha watu pesa za nyumba. Lakini mpaka sasa wanaoweza kubeba mzigo huu ni wachache. Mwisho wa mwaka 2023 mikopo ya nyumba katika mabenki yetu ilikuwa takribani 30,000 tu, ilhali sensa ya 2019 ilituhesabu watu zaidi ya milioni 47. Serikali na washirika wake waliunda kampuni iitwayo KMRC mwaka 2018 ili iyape mabenki na sacco pesa za bei nafuu, nazo ziwakopeshe watu kwa riba isiyofika asilimia 10. Tofauti si ndogo. Milioni 3 zilezile kwa miaka 20 kwa asilimia 9 ni malipo ya 26,992, na jumla ni takribani 6,478,000. Ukilinganisha na ile ya asilimia 14, umeokoa karibu milioni mbili na nusu.

Nyumbani kwetu mambo yaliishaje? Usiku ule wa hesabu Baba alinyamaza, akashika tama. Nilihofia amekasirika kwa kuwa furaha yake niliizima mbele ya watu. Kesho yake asubuhi alinikuta nikiwakatia ng'ombe majani, akasema, "Hebu nipigie nusu yake, kwa miaka kumi."

Nilipiga. Milioni moja na nusu kwa miaka 10, riba ya 14, ni 23,290 kwa mwezi. Jumla ni takribani 2,795,000. Riba bado ipo, lakini haifiki milioni 1.3. Baba alirudi mjini akaomba hiyo. Nyumba imeanza na vyumba vitatu na jiko. Vingine vitangoja kahawa na maziwa. Majirani wengine wameuliza kwa nini msingi ni mrefu kuliko kuta. Baba huwajibu kwamba kuta zinakuja kwa miguu. Mama alitia sahihi baada ya kusoma jumla, iliyoandikwa kwa mkono wangu, juu ya karatasi ya kwanza.

Kwa hiyo, mwenzangu, siku moja utakaa mbele ya meza ya ofisa wa mikopo. Tangu mwaka 2014 mabenki ya Kenya yana utaratibu wa kumweleza mkopaji gharama yote ya mkopo, wala si riba pekee. Usione haya kuuliza. Uliza jumla ya pesa utakazolipa hadi mwisho. Uliza kama riba inabadilika, na ikipanda kwa asilimia mbili utalipa ngapi. Uliza ada zote nje ya riba. Uliza kama kuna faini ukilipa mapema. Kisha omba jedwali la malipo la mwezi kwa mwezi, ulipeleke nyumbani, ulale nalo siku moja kabla ya kutia sahihi.

Kukopa harusi, kulipa matanga. Lakini aliyehesabu matanga kabla ya harusi huenda asilie sana.

Mwanachama